Asali ya Marodoka Iliyoganda

Mke wangu alimzaa mwanangu wa kwanza kwao Mahajanga, miaka ya mwanzo ya uhuru, msimu wa baridi. Kwetu mtoto hulambishwa asali kabla ya kitu kingine, na anayemlambisha ni bibi mzaa baba. Mama yangu alikuwa ametuma asali yake mapema kutoka Marodoka, kule kisiwani Nosy Be, chupa moja iliyozibwa kwa nta. Mwenyewe hakuweza kuja; miguu ilikuwa imemvimba, na meli ilimtapisha hata alipokuwa mzima. Chupa ile ndiyo iliyokuja badala yake.

Tulipoifungua, asali ilikuwa imeganda, nyeupe, ina punje. Mama mkwe, mama wa mke wangu, aliipindua chupa, halikudondoka hata tone. Akacheka kidogo, akasema kwa Kingazija chake kwamba watu wa Nosy Be wana kiwanda cha sukari pale Dzamandzar, basi si ajabu. Akatoa asali yake ya Belobaka, nyepesi kama uji wa mgonjwa. Nilikasirika hadi machozi yakanitoka. Mama yangu kufanywa mchanganya sukari, tena mbele ya mjukuu wake.

Nikamweleza nilivyofundishwa: asali iliyoiva mzingani, nyuki wakaifunika wenyewe, huwa nzito, na baridi ikiingia hushikana. Inayotiririka hivi mara nyingi imevunwa mbichi, maji bado yamo.  Labda kwa kunihurumia, alichukua sufuria akataka kuiyeyusha ile iliyoganda juu ya mkaa.

“Mama, asali haionyeshwi moto,” nikamwambia. “Harufu itakufa.”

Nikaomba beseni la maji ya uvuguvugu lililoandaliwa kumwogeshea mtoto. Nikaiketisha chupa humo, nikaishika shingo kama mama alivyozoea. Ilichukua muda. Kando kando ikaanza kulainika, kisha ikashuka polepole, na chumba kikanukia maua ya langilangi, kama uani kwetu Marodoka asubuhi. Nilitamani mama yangu angekuwepo.

Mama mkwe akachovya kidole, akaonja. Kisha akaushika mkono wangu.

“Mlambishe wewe, mwanangu. Mkono huu ni wa mama yako.”

Mtoto alikinyonya kidole changu, akakunja uso, akataka tena.

Mama alifariki kabla ya kumwona. Asali iliyobaki iliganda upya chupani, na sikuipasha tena.