Kodiani Mbele ya Redio

Kila Jumamosi alasiri, mwenye duka la redio hapa Nakuru hutoa spika barazani, nasi tunajaa barabarani kusikiliza kipindi cha muziki. Siku hizi ni magitaa matupu. Juzi mzee mmoja wa reli alikuja amebeba kodiani yake, kile kinanda cha kuvuta na kubana.

"Mzee, hiyo ni ya harusi za baba zetu," fundi mmoja wa baiskeli akamwambia.

"Nyamaza kwanza nisikie huyo wa gitaa."

Mzee akatega sikio, akaitafuta sauti kwenye kodiani, akaipata, kisha akaongeza mwendo hata redio ikabaki nyuma. Tulicheza mpaka vumbi likapanda, fundi akiwa mbele yetu sote.

Wimbo wa redio ulikwisha, ikaingia taarifa ya habari. Msiniulize ilisema nini.