Nilivyosalimia Jeshi Zima

Nikinusa kibuyu kilichofukizwa kwa moshi wa mzeituni mwitu, jamani, miguu yangu hii mizee inataka kutimua mbio. Harufu hiyo ndiyo niliyobeba mgongoni siku mama aliponituma kutoka Sekei hadi Kisongo, mimi kisichana cha kimo cha mbuzi, Wajerumani na Waingereza wakigombania nchi yetu kama mbwa na mfupa. Ndani ya kibuyu, maziwa ya kumpelekea baba, aliyekuwa huko malishoni na ng'ombe. Kichwani, ujumbe: asirudi nyumbani, askari wanakamata wanaume wa kubeba mizigo ya vita, na wengi wao hawarudi.

Nilipovuka tu mto Burka nikakutana nao uso kwa uso: askari, wapagazi, na Mjerumani mwenye masharubu ambayo kuku wawili wangelala juu yake bila kubanana. Nikafanya nilichofundishwa. Kwetu mtoto akikutana na mkubwa huinamisha kichwa, naye mkubwa humgusa utosini. Nikainama mbele ya askari wa kwanza, nikangoja.

"Huyu naye? Kadondosha nini?"

Mpagazi mmoja, shingo imemdidimia kwa mzigo, akacheka. "Anakuamkia, afande. Mguse kichwa, la sivyo atasimama hapo mpaka mvua za vuli."

Akanigusa. Nikahamia kwa wa pili, wa tatu, jeshi zima, hadi nywele zikalala kama nyasi zilizopitiwa na tembo. Wanaosema natia chumvi hawakuwepo. Mjerumani naye akanichungulia utosini kwa makini, nadhani akitafuta chawa.

"Baba yako yuko wapi?" askari akauliza. Nikainama. "Wewe! Yuko wapi?" Nikainama tena.

"Mwacheni apite huyu, atatuchelewesha vita!" askari mwingine akafoka.

Yule mpagazi aliyecheka alikuwa wa mwisho kunigusa. Mkono wake ulikaa kichwani pangu mpaka akafokewa. Nilidhani amechoka, ameniegemea.

Kisongo nilimkuta baba ameshafunga safari ya kurudi nyumbani. Unadhani nilipiga kelele? Nikainama kwanza! Akanigusa, akauliza hali ya mama, ya ndama, ya mbuzi mmoja mmoja, ndipo nikautoa ujumbe. Papo hapo akageuza ng'ombe kuelekea Monduli, na vita vilipokwisha akarudi mnene kama fahali.

Nilikuwa tayari na watoto wangu wa kuniinamia nilipoelewa kwamba yule mpagazi hakuwa ameniegemea. Kwao nako lazima kulikuwa na kichwa kidogo kilichouzoea mkono ule; ila huko hakuna aliyetumwa mapema kumwonya.