Mikono Iliyomenya Figili

Kila asubuhi, kabla Fusae, mvalishaji wake, hajamfunga mshipi wa kimono, mwigizaji yule alinyoosha mikono yake na kuitazama kama fundi anayekagua visu. Kwa miaka kumi na mmoja studio ile ya Kyoto ilimpa nafasi za yaya na mtumishi tu, mgongo kwa kamera, akimenya figili nene nyeupe huko nyuma. Sasa alikuwa nyota, akiigiza mke wa mwenye mgahawa, na mwongozaji Kuramochi alikuwa amemleta mpishi halisi apigwe picha ya mikono badala yake.

“Mama, wewe kazi yako kulia. Figili mwachie fundi,” Kuramochi alimwambia.

Mwigizaji alipandisha mikono ya kimono, akashika kisu, akaanza kuizungusha figili taratibu. Utepe mweupe ukatoka bila kukatika, mwembamba hata Fusae akaiona taa upande wa pili, huku machozi yakimshuka bila kuhimizwa. Kamera iliendelea kurekodi mpaka utepe ulipogusa sakafu.

Mpishi akavua aproni.

“Fundi mnaye. Mimi mliniitia nini?”

Fusae akajibu kabla ya Kuramochi.

“Hawakujua, bwana. Miaka yote walikuwa wanampiga picha mgongo.”