Damu ya Matunda

Damu ya filamu zangu za kutisha naikoroga mwenyewe hapa Tuwan, kwa matunda damu na kakao kidogo, na kule Bungoma imeshawatimua watu wazima ukumbini. Harufu yake ya uchachu ikipanda, niko tena uani kwa nyanya kule Cheptais, nimelala chali, majimaji ya matunda yakininata shingoni, najifanya maiti.

Nyanya alitupa ungo wa maharagwe, akapiga nduru. Akapiga magoti, akanigusa shingo, kisha akalamba kidole. Nikangoja kichapo. Yeye akachungulia barabarani, halafu akaniinamia sikioni.

"Mdomo uache wazi kidogo," akanong'ona. "Na usipumue sana. Wacha niite jirani."