Mfuko wa Sabuni wa Kalondu

Ndinda alipoolewa na Jonah na kuhamia boma lao karibu na Matiliku, mwanzoni mwa miaka ya sabini, mama mkwe wake Kalondu alikuwa fundi anayejulikana. Kitambaa cha meza ya mhubiri kanisani kilitoka mikononi mwake, kimefumwa kwa sindano ya kroshia, kile kijiti cha chuma chenye ncha iliyopinda kama ndoana.

Halafu siku moja, akivuna kunde, bafe aliyejilaza chini ya majani akamwuma mkono wa kushoto. Alilazwa hospitalini muda mrefu. Alirudi nyumbani mzima, ila vidole vya mkono ule vilikuwa vimejikunja na kukakamaa.

"Nyoka alikuja kuchukua mtu, akaondoka na vidole," aliwaambia waliokuja kumwona. "Hapo ni mimi niliyemshinda."

Watu walicheka naye. Lakini Ndinda, aliyekuwa akiishi naye, aliona jinsi sabuni ilivyomtesa. Mkono mmoja hauwezi kushika nguo na sabuni kwa pamoja. Ilimchomoka kila mara, ikaokotwa imejaa mchanga, ikasuguliwa mpaka ikaisha kabla ya wakati wake.

Mwaka huo mvua ilikosekana, na wanawake walichota maji kwenye kisima walichochimba katika mchanga wa mto uliokauka. Maji yalijitokeza polepole mno, na foleni ya mitungi ilikuwa ndefu. Kalondu alikuwa akifua kando, kwenye karai, sabuni ilipomponyoka, ikateleza juu ya mchanga ulioloa na kutumbukia kisimani. Ilipotolewa, maji yalikuwa yameshafanya povu.

"Mama Jonah!" jirani yao Syombua alifoka. "Kama mkono umekataa kazi, si ukae nyumbani, mkaza mwana wako akufulie?"

Kalondu aliingia kisimani, akaanza kuteka yale maji na kuyamwaga, kata baada ya kata. Ndinda aliposhuka kumsaidia alimzuia kwa kiwiko. Hakutoka mpaka maji safi yalipoanza kujikusanya upya.

Nyumbani, Ndinda alimwambia kwa upole, akimwita mama kwa lugha yao, "Mwaitu, nguo zako niachie mimi."

"Na kuoga je, mwanangu? Utaniogesha pia?"

Ndinda akainamia jiko, akachochea moto.

Asubuhi yake alimkuta Kalondu ameketi kwenye kigoda nje ya jikoni, akisokota nyuzi za katani juu ya paja kwa kiganja cha mkono mzima. Uzi ulipokuwa wa kutosha, aliuzungusha kwenye vidole vilivyokakamaa, akavifanya kama kigingi cha kuukaza. Kazi yenyewe aliibana kati ya magoti, na sindano akaishika kwa mkono wa kulia. Alianza na kitanzi kidogo cha kitako, akazunguka nacho, raundi juu ya raundi, kikapanda kuwa mfuko mwembamba. Mara nyingi uzi ulichomoka, naye alifumua na kurudia bila kunung'unika. Ndinda alijua kazi kama ile zamani ingemchukua muda wa kuchemsha chai tu.

Mfuko wa kwanza aliufuma kwa kubana sana, na povu halikutoka. Wa pili ulikuwa na matundu makubwa. Sabuni ilipopungua ikapenya na kuanguka. Wa tatu ulitoka sawa. Akaupitishia mdomoni kamba ya kuufunga, na kuiachia kitanzi cha kuvaa kwenye kifundo cha mkono.

Kisha akabeba karai kichwani, akarudi kule kule mtoni.

Wanawake waligeuka walipomwona. Alikanyaga shuka kwa mguu mmoja, akaisugua kwa ule mfuko. Katani ilikwangua uchafu, povu likajaa. Mfuko ulipomtoka mkononi haukwenda popote, ulining'inia tu. Syombua alitazama, akatazama, mwishowe akasogea na kuchuchumaa kando yake.

"Mama Jonah, siku ile nilikosea."

"Ulikuwa na kiu," Kalondu akasema. "Lete mkono nikuonyeshe jinsi ya kuanza."

Katika miaka iliyofuata wanawake wengi walijifunza kwake, hata wenye mikono mizima, maana sabuni iliyo mfukoni hutundikwa, ikakauka, isiyeyuke bure.

Ndinda alipojifungua mtoto wa kwanza, shangazi za Jonah walinong'onezana nani amwogeshe mtoto, mkono wa bibi ukiwa vile. Kalondu aliwasikia. Alikuwa ameshafuma mfuko mdogo kwa uzi laini wa pamba. Akamlaza mtoto juu ya mkono mbovu, kichwa kikitulia kwenye kikunjo cha kiwiko, na kwa ule mwingine akampaka povu taratibu, shingoni, kwapani, nyuma ya masikio. Ndinda alitazama kutoka kitandani, na moyo wake haukushtuka hata kidogo.

Kalondu aliwaogesha wajukuu wote wa boma lile, na alipofikia uzee, katika miaka ya tisini, bado alijifulia mwenyewe.