Mwimbaji wa Rokinroli Aliyeambiwa Aongee

Binti yangu aliniita Guangzhou, China, nitibiwe goti, si nikaimbe. Hilo alilirudia tangu uwanja wa ndege, akisukuma kiti changu cha magurudumu, nami nikamjibu kwamba nimeelewa. Yeye hununua nguo kwenye soko la jumla la Shisanhang na kuzisafirisha nyumbani. Amezoea kupanga mambo mapema na kuyaona yakienda alivyopanga. Mimi nilikuwa nakaribia miaka themanini na goti langu la kulia lilikuwa limekwisha kabisa. Daktari alipoitazama picha ya eksirei alimuuliza kama mzee wake alikuwa mbeba mizigo. Binti yangu akamwambia baba yake alikuwa mwimbaji.

Goti lile liliisha kwa ajili ya rokinroli. Tulipokuwa vijana Tanga, mimi na wenzangu watatu tuliufuata muziki huo kama watu waliorogwa. Tulisikiliza santuri mlangoni mwa duka la redio mpaka mwenyewe atufukuze, tukayakariri maneno ya Kiingereza bila kujua maana yake, tukayaimba kwa nguvu mbele ya watu ambao nao hawakuyajua. Suruali zetu zilibana kiasi kwamba mama aliniuliza yangu nitaivuaje. Mtindo wangu mimi ulikuwa kuruka: wimbo ukifika mahali pa moto, naruka na kutua kwa magoti, kichwa nyuma, maiki mdomoni. Wasichana walipiga kelele. Sakafu za kumbi zile zilikuwa za saruji.

Nilitunga hata wimbo wangu mwenyewe kwa Kiswahili, wa kijana anayemngoja msichana stesheni, treni inaingia, abiria wote wanashuka, msichana hayumo. Mimi niliuona mzuri. Lakini watu walikuwa wameshaanza kutaka bendi kubwa zenye matarumbeta na nyimbo za kucheza wawili wawili, taratibu. Muziki wetu ukaonekana wa kitoto, tena wa kigeni.

Jioni ya kwanza tulipoupiga wimbo wangu huo mbele za watu, umeme ulikatika tukiwa katikati. Wenzangu waliweka magitaa chini. Nikaogopa watu wataondoka, basi nikaanza kuwasimulia, humo humo gizani, jinsi mama na dada zangu walivyonivuta miguu kuitoa ile suruali. Walicheka mpaka nikasikia viti vinaanguka. Umeme uliporudi nikashika maiki niendelee kuimba, na mtu mmoja wa nyuma akaomba nisiimbe, niongee.

Mwenye ukumbi aliniita pembeni baada ya onyesho. Hakuwa mtu wa maneno mengi.

"Kijana, waimbaji ninao," aliniambia. "Mtu wa kuongea sina."

Maneno hayo yaliniuma. Kisha nikaamua kwamba kama wanataka niongee, nitaongea kuliko mtu yeyote katika mji ule. Nikawa mshereheshaji. Nimeongoza harusi, mahafali, sherehe za vilabu vya mpira, uzinduzi wa viwanda ambavyo leo havipo. Nimewachekesha watu niliojua wamezika juzi tu. Kazi hiyo ilisomesha wanangu wote na sikuidharau hata siku moja. Lakini rokinroli sikuiimba tena mbele za watu. Niliiimba bafuni, mlango umefungwa.

Goti jipya nililowekewa hospitalini lilipopona kidogo, daktari alitaka nitembee. Nilianza kwenye ujia wa jengo, kutoka mlango wa binti yangu mpaka kwenye lifti. Nilipoona ujia hautoshi, nikachukua fimbo nikashuka mpaka barabara ya Zhanxi, penye maduka ya jumla ya viatu na nguo, ambako mikokoteni haimpishi mtu awe mzee au mtoto. Maumivu yalinipanda hadi nyonga. Nilijiwekea sharti la kufika duka la mbele zaidi kuliko la jana, na nikishafika, kurudi bila kushikwa mkono. Vijana wa Kitanzania waliokuwa wakifunga mizigo walinipa shikamoo, na baadhi yao waliitambua sauti yangu kwa sababu nilisherehesha harusi za shangazi na kaka zao.

Hapo ndipo aliponikuta dada mmoja wa Mwanza anayenunua viatu. Alikuwa anaolewa na mfanyabiashara mwenzake, sherehe ingefanyika kwenye mgahawa wa huko huko Guangzhou, na mshereheshaji waliyemtegemea kutoka Dar alikuwa amekosa viza. Aliniomba kwa unyenyekevu sana. Nikamwambia nitakuja, ila nina sharti: nitaanza kwa kuimba wimbo mmoja. Alikubali haraka, nadhani akifikiri ni kaswida au wimbo wa kanisani.

Binti yangu aliposikia aliacha kukunja nguo.

"Kusherehesha sawa, Baba. Lakini rokinroli? Watu watakucheka."

"Wakicheka nimefanya kazi yangu."

"Na goti?"

"Goti na koo havijuani."

Alirudia kukunja nguo. Mwishowe akasema nitaimba nimesimama, wima, na yeye atakaa karibu. Nikakubali. Kesho yake alinipeleka Zhongda, kwenye soko la vitambaa, nitafute cha koti. Nilitaka chekundu cha kung'aa. Laobani wa kwanza, yule mwenye duka, alitikisa kichwa akasema mei you, hakuna, na wa pili hivyo hivyo. Binti yangu ndiye aliyeendelea kuuliza, duka hadi duka, mpaka tukakipata. Hapo nikajua yuko upande wangu.

Mpiga gitaa niliyempata alikuwa Mkongo, wakala wa mizigo mwenye vidole vitamu, lakini kila alichogusa kiligeuka rumba. Tulifanyia mazoezi kwenye ngazi za mgahawa, wahudumu wakitupita na vyombo.

"Papa, hii wimbo inakimbilia wapi?" aliniuliza.

"Inawahi treni," nikamwambia. "Na wewe iwahi."

Siku ya sherehe ukumbi ulijaa mchana kweupe. Nilipopanda na koti langu watu walipiga makofi, wakijiandaa kucheka. Nilianza vizuri. Ubeti wa pili, pale kijana anapowaangalia abiria mmoja mmoja, sauti ilinipasuka. Nilisikia vicheko vya vijana na nikaona simu zikiinuliwa. Mzaha ulikuwa tayari mdomoni mwangu. Ningesema tu kwamba sauti nayo imekosa viza, ukumbi mzima ungeanguka kwa kicheko, na wimbo ungeishia hapo kama ulivyoishia Tanga.

Nikaumeza. Nikamtazama Mkongo, akaelewa, akarudia vipigo vile vile vya gitaa huku akinisubiri. Nilivuta pumzi, nikaushika wimbo kwa sauti ya chini, sauti niliyonayo sasa, nikaanza ubeti ule upya. Vicheko vikapungua. Wachache walisimama kucheza, wengine waliendelea kula, na bibi harusi alivua viatu akaja mbele. Nilifika mwisho. Makofi yalikuwa ya kawaida. Kisha nikachukua kazi yangu ya kila siku, nikawachekesha mpaka keki ilipokatwa.

Kwenye teksi binti yangu alinisaidia kuvua koti. Baadaye akaniambia alidhani wimbo ule ni wa furaha, kwa jinsi nilivyokuwa nikiupigia mluzi bafuni. Nikamweleza kwamba mwisho wake hata Tanga hawakuwahi kuusikia.

"Basi tuurekodi kabla hujaondoka," alisema, kwa sauti ile anayotumia kuagiza mzigo.

Hatukutafuta studio. Chumba chake cha stoo kilikuwa kimejaa marobota ya nguo hadi darini, na Mkongo alipopiga makofi mle ndani alifurahi, maana hapakuwa na mwangwi hata kidogo. Alinikalisha kwenye robota la suruali za jinzi, akaweka maiki ndogo juu ya lingine, binti yangu akazima feni. Niliimba tangu mwanzo hadi mwisho. Kisha wakaniwekea nisikilize.

Ilikuwa sauti ya mzee. Pumzi zilisikika, na mahali pamoja niliingia mapema, kabla ya gitaa. Mkongo alisema imetosha, Papa, ni nzuri. Binti yangu naye akasema ni nzuri.

Nikawaambia turudie. Nilijua pale nilipokosea, na nilijua naweza kupapita. Mkongo akakaza nyuzi zake, na tukarudia.