Mstari Uliopinda wa Kwamena Essuman

Kumepambazuka kidogo tu juu ya kilima cha Sekondi, na Kwamena Essuman amepiga magoti uwanjani. Anamwaga maji kwa kopo lenye matundu, taratibu, kama anayemnywesha mgonjwa. Udongo wa kichuguu hautaki pupa: ukiuzidishia maji unakuwa tope, ukiunyima unapasuka. Ukishalowa sawasawa, anavuta rola la chuma huku na huku mpaka uwanja wa tenisi wa klabu unang'aa.

Leo ni Jumanne. Jumatatu ijayo uwanja huu unafunikwa kwa saruji.

"Saruji haitaki maji, wala haitaki mtu," anasema bila kuinua kichwa.

Ana miaka sitini na mitatu. Mshahara wake, cedi elfu kumi na mbili kwa mwezi, utakoma siku hiyo hiyo. Alianza hapa kwa kuwaokotea mipira Wazungu wa reli, akawa mtunza uwanja. Jioni, wenyewe wakishakwenda kunywa, alijifunza kucheza kwa raketi mbovu aliyoisuka upya kwa uzi wa nyavu za samaki. Kufikia mwaka 1956, pwani nzima haikuwa na wa kumshinda.

Mwaka huo alikutana fainali na Fiifi Quansah, karani wa bandari. Mshindi angepewa kikombe na kupanda meli kwenda Uingereza kucheza msimu mzima. Lakini Kwamena alikuwa bado kibarua, na asubuhi ya fainali ni yeye aliyechora mistari. Alivuta kamba kati ya vigingi viwili, akamwaga chokaa. Kigingi kimoja kilikuwa kimelegea. Mstari wa kaskazini ukapinda kwa nje, upana wa vidole vitatu.

Aliuona mchana, wageni wameshakaa vitini. Akanyamaza. Kibarua aliyewaharibia wakubwa siku yao hakuwa na kazi kesho yake.

Jioni, ikiwa imebaki pointi moja ashinde, mpira wake ulitua juu ya mstari ule ule, pale pale ulipopinda. Mwamuzi akaukubali. Watu wakasimama kushangilia. Kwamena akainua mkono.

"Umetoka," alisema.

Aliulizwa mara mbili, hakueleza. Pointi ikaenda kwa Quansah; mchezo ukaifuata, na meli ikaufuata mchezo.

Mji ukasema amehongwa. Wauza samaki wakambatiza Umetoka, na sokoni hadi leo ndilo jina lake. Mkewe, Araba Bentsiwa, anayeuza kenkey, madonge ya unga wa mahindi uliochachushwa, langoni mwa klabu, ameshalizoea.

"Mimi niliposwa na mtu wa kwenda Ulaya," anasema akimfungia mumewe kenkey mbili na pilipili. "Nikaolewa na Umetoka."

Anacheka. Mumewe anapokea mfuko wake na kurudi kwenye rola.

Quansah ndiye mwenyekiti wa klabu sasa. Wiki iliyopita Kwamena alimwendea na ombi moja: saruji ikishakauka, mistari aichore yeye. Mwenyekiti akamjibu kwamba mkandarasi ana mafundi na vipimo vyake; ya nini mzee anayetetemeka mikono ang'ang'anie rangi? Ndipo Kwamena akamsimulia habari ya kigingi, kwa mara ya kwanza tangu siku ile.

Quansah aliweka mikono yote miwili juu ya fimbo yake.

"Miaka thelathini na mitano nilidhani ulinihurumia," alisema. "Kile kikombe sijawahi kukiweka sebuleni, Kwamena."

Waliagana bila kutazamana. Mwenyekiti aliahidi kulifikisha ombi kwenye kamati Alhamisi, ila alimwonya asiweke matumaini: wajumbe wamekwisha kulipia mafundi.

Katika kibanda cha vifaa, kando ya gunia la chokaa ambalo halitatumika tena, Kwamena ameegesha vigingi viwili vipya vya mti mgumu. Kamba ameizungushia kiganjani, anaivuta kuijaribu.

"Wakinipa kazi, nitachora," anasema. "Wasiponipa, mafundi wakimaliza nitakuja na kamba yangu nipime mstari wa kaskazini." Anainuka, mkono mmoja umeshika goti. "Nikiukuta umepinda, safari hii nitasema kabla wageni hawajakaa."